Wayahudi katika fasihi na sanaa: maswali yanayoulizwa mara kwa mara

Wengi wetu tunawajua Wayahudi kupitia Biblia, Kurani na taarifa ya habari. Kati ya Musa na taarifa ya habari ya saa mbili usiku zimepita karne nyingi za watu waliotunga mashairi, walioandikiana barua, waliochora na kuigiza, na maswali ninayoletewa na wasomaji huangukia humo. Nimekusanya hapa yale yanayojirudia. Majibu mengine ni marefu kwa sababu jambo lenyewe ni refu.

Nilisoma Mabepari wa Venisi shuleni. Shylock ndiye picha ya Myahudi?

Ndivyo wasomaji wengi wa Kiswahili walivyokutana na Myahudi katika fasihi kwa mara ya kwanza. Tafsiri ya Mwalimu Nyerere ya tamthilia hiyo ya Shakespeare ilitoka mwaka 1969, na mpaka leo ukitaja ratili ya nyama, mtu aliyepita shule anajua unamzungumzia nani.

Shylock, Myahudi mkopeshaji anayemdai mfanyabiashara Antonio ratili ya nyama ya mwili wake, ni kiumbe cha Shakespeare, na Shakespeare aliishi katika nchi iliyowafukuza Wayahudi mwaka 1290 na ambayo haikuwaruhusu tena kuishi humo waziwazi mpaka miaka ya 1650. Alichokuwa nacho mkononi ni masimulizi ya mitaani na ya jukwaani. Kipaji chake hakikumwacha aishie hapo. Alimpa Shylock maneno yale ya kuuliza kama Myahudi hana macho, kama akichomwa hatoki damu, na ukiyasoma kwa sauti unamsikia mtu aliyetemewa mate mara nyingi mno. Hata hivyo mwisho wa mchezo analazimishwa kubatizwa, na watazamaji wa enzi zile walilihesabu hilo kuwa jambo la kufurahisha. Mimi nalipenda jina alilochagua Mwalimu: mabepari, kwa wingi. Linamtia Antonio na wenzake katika kapu moja na Shylock, na msomaji anaanza kuuliza maswali juu ya mali badala ya dini.

Lakini Wayahudi wenyewe wa Venisi waliandika, na hao ndio ninaotamani usome. Mwaka 1516 dola ya Venisi iliwaamuru waishi katika kisiwa kimoja kidogo ndani ya mji, milango yake ikifungwa usiku. Mahali hapo paliitwa *ghetto*, na maelezo yanayokubalika na wengi ni kwamba jina lilitokana na karakana ya kuyeyushia madini iliyokuwapo hapo zamani. Neno likasafiri dunia nzima. Kijana wa Dar es Salaam anaposema anarudi geto kulala, anatamka jina la mtaa huo.

Humo ndani aliishi rabi (mwalimu wa dini) Leon Modena (1571–1648), mhubiri ambaye hata Wakristo walikuja kumsikiliza. Aliandika maisha yake kwa Kiebrania bila kujipamba. Anakiri kwamba kamari ilimshinda, kwamba aliacha akarudi, akaacha akarudi. Anasimulia jinsi mwanawe mmoja alivyokufa baada ya kuhangaika na moshi wa madini akijaribu kutengeneza fedha, na jinsi mwingine alivyouawa. Katika mtaa huohuo aliishi mshairi Sara Copio Sullam. Mwaka 1621 kasisi mmoja alimtuhumu hadharani kwamba anakana uzima wa milele wa roho, naye akamjibu kwa kitabu kidogo cha Kiitaliano, akiweka jina lake juu. Msomaji akishakutana na hawa wawili, Shylock anarudi kuwa mhusika wa jukwaani.

Uyahudi ni dini, kabila au taifa?

Kwa sheria yao ya kale, aliyezaliwa na mama Myahudi ni Myahudi, na anayeingia katika dini kwa utaratibu wake naye ni Myahudi. Lakini waandishi wao wamelikataa kila jibu la neno moja.

Mtazame Heinrich Heine, mshairi mkubwa wa Kijerumani, aliyezaliwa Düsseldorf mwaka 1797. Alibatizwa mwaka 1825, na cheti cha ubatizo akakiita tiketi ya kuingilia katika ustaarabu wa Ulaya. Tiketi haikumpatia kazi aliyoitaka, wala haikuwafanya wenzake wasahau alikotoka. Mwishoni mwa maisha yake, akiwa hawezi kutoka kitandani huko Paris, akatunga mashairi marefu aliyoyaita nyimbo za Kiebrania, moja likimsifu mshairi Yehuda Halevi wa Hispania ya kale.

Heine huyuhuyu ndiye mwenye ule mstari unaosema kwamba wanapochoma vitabu, mwishowe watachoma na watu. Wengi hawajui unatoka wapi. Umo katika tamthilia yake kuhusu Waislamu wa Granada, na kitabu kinachochomwa hapo ni Kurani. Myahudi kijana wa Ujerumani alitafuta namna ya kusema uchungu wa watu wake, akaipata katika uchungu wa Waislamu wa Hispania. Mwezi Mei 1933 vitabu vya Heine mwenyewe vilitupwa motoni Berlin.

Amri inasema "usijifanyie sanamu ya kuchonga". Sanaa ya uchoraji ilitoka wapi?

Katika kitabu hichohicho cha Kutoka, sura chache mbele, Mungu anamtaja Bezaleli kwa jina na kumjaza ustadi wa kufanya kazi za dhahabu, fedha, mawe na miti. Basi tangu mwanzo kilichokatazwa ni kuabudu umbo. Mpaka wa hapo hadi kuchora uko wapi, kila kizazi kimebishana kivyake.

Ushahidi mkubwa ulipatikana mwaka 1932 nchini Syria, kando ya mto Frati, katika magofu ya mji uitwao Dura-Europos. Wachimbuaji walikuta sinagogi ambalo kuta zake zilichorwa tangu chini hadi juu, kazi iliyokamilika karibu mwaka 245. Binti Farao amesimama ndani ya maji na mtoto Musa mikononi. Mordekai amepanda farasi. Katika bonde la Ezekieli mifupa na viungo vimetapakaa, na kutoka juu unashuka mkono wa Mungu, mkono tu, kwa sababu zaidi ya hapo mchoraji hakuthubutu. Michoro ilipona kwa sababu ya vita. Jeshi la Waajemi lilipokuwa likikaribia, askari wa Kirumi walijaza udongo ndani ya majengo yaliyopakana na ukuta wa mji ili kuuimarisha. Mji ukaanguka karibu mwaka 256, lakini udongo ukazihifadhi rangi kwa miaka zaidi ya 1,600. Sasa kuta hizo ziko katika makumbusho ya taifa Damascus.

Wengine walitafuta njia ya kando. Kuna kitabu cha ibada ya Pasaka kilichoandikwa kusini mwa Ujerumani karibu mwaka 1300 ambamo Waisraeli wengi wana miili ya watu na vichwa vya ndege, wenye midomo mikali na kofia za Kiyahudi zilizochongoka. Sababu yake bado inajadiliwa. Na waandishi wa hati walikuwa na ufundi wao wa kuchora kwa maandishi: ukiangalia kwa mbali unaona simba au mzabibu, ukisogea unakuta kila mstari ni herufi ndogondogo za maandiko. Huo ndio ufundi ninaoupenda kuliko yote.

Waliandika kwa Kiebrania tu?

Hapana, na sisi wa Uswahilini tuna sababu ya kulielewa hili upesi. Mababu zetu wa Pate na Lamu walitunga tendi kwa Kiswahili wakaziandika kwa herufi za Kiarabu. Wayahudi walifanya hivyohivyo kila walikokwenda: lugha ya mahali, herufi za Kiebrania. Musa bin Maimun, mwanafalsafa na tabibu wa Cairo, aliandika kitabu chake kikuu cha falsafa kwa Kiarabu katika herufi za Kiebrania. Waliofukuzwa Hispania mwaka 1492 waliibeba lugha yao ya Kihispania hadi Thessaloniki, Istanbul na kisiwa cha Rhodes, ikawa Kiladino. Na Ulaya ya Mashariki ilikuwa na Kiyidishi, ambacho sarufi yake kwa sehemu kubwa ni ya Kijerumani cha kale, maneno ya ibada na elimu ni ya Kiebrania na Kiaramu, na mengi ya nyumbani na sokoni yametoka kwa majirani Waslavoni. Kabla ya Vita vya Pili vya Dunia Kiyidishi kilikuwa na wasemaji kama milioni 11.

Kiebrania kilibaki lugha ya sala, sheria na ushairi. Mstari unaojulikana kuliko yote ni wa Yehuda Halevi, aliyeishi Hispania na kufariki mwaka 1141: moyo wangu uko mashariki, nami niko mwisho wa magharibi.

Kuna hazina moja inayogusa bahari yetu. Karatasi yenye jina la Mungu haitupwi ovyo, kwa hiyo sinagogi la Ben Ezra katika Cairo ya kale lilikuwa na chumba cha kuwekea maandishi yaliyochakaa. Kwa karne nyingi watu walirundika humo kila kitu: mikataba ya ndoa, orodha za bidhaa, mashairi, barua za wafanyabiashara wa Aden na pwani ya Malabar. Mwaka 1896–97 msomi Solomon Schechter alihamishia Cambridge vipande zaidi ya 190,000. Kimoja ni barua ya Daudi, mdogo wake Musa bin Maimun, aliyoandika karibu mwaka 1170 katika bandari ya Aydhab kwenye Bahari ya Shamu. Anamweleza kaka yake alivyovuka jangwa bila msafara, na kwamba sasa anapanda chombo kwenda India, asiwe na wasiwasi. Chombo kilizama katika Bahari ya Hindi. Musa alikaa karibu mwaka mzima mgonjwa kitandani kwa majonzi. Yeyote aliyewahi kungoja ndugu anayerudi na kaskazi anaijua barua hiyo hata kabla ya kuisoma.

Sholem Aleichem ni nani, na kwa nini Tevye muuza maziwa anatajwa kila mahali?

Jina lake la kuzaliwa ni Solomon Rabinovich. Alizaliwa mwaka 1859 Pereiaslav, katika Ukraine ya leo, na jina la uandishi alilojipa ni salamu ya Kiyidishi itokayo katika Kiebrania, yaani "amani iwe kwenu". Masikio ya Mswahili yanasikia *salamu alaikum* papo hapo. Na hivyo ndivyo anavyoandika, kama mtu aliyekupigia hodi.

Tevye alizaliwa kwenye karatasi mwaka 1894 na mwandishi akaendelea naye kwa miaka ishirini. Ni baba wa mabinti, farasi wake mzee, mkokoteni wake wa siagi na jibini, na mdomo wake haukauki aya za maandiko ambazo mara nyingi anazinukuu kombo. Binti mmoja anakataa tajiri na kuolewa na fundi cherehani. Wa pili anamfuata mwanamapinduzi uhamishoni Siberia. Wa tatu, Chava, anaolewa na Mkristo, na hapo baba anafanya matanga ya aliye hai.

Nakuomba usome hadithi hiyo ya Chava polepole. Tevye anasafiri peke yake msituni, binti anatokea njiani, anashika hatamu, anamwita baba. Yeye anageuza uso na kumpiga farasi mjeledi. Kisha, akiwa mbali tayari, anaanza kujiuliza Myahudi ni nini na asiye Myahudi ni nini, na kwa nini Mungu aliwaumba wakatengana hivyo. Anatamani kugeuza mkokoteni. Mwandishi hamhukumu wala hamtetei. Mzazi yeyote wa Tanga au Kisumu aliyewahi kumkataa mkwe kwa sababu ya dini atakosa usingizi akiisoma.

Sholem Aleichem alifariki New York mwaka 1916, na mazishi yake yalijaza watu zaidi ya laki moja barabarani. Katika wosia wake aliwaomba jamaa wakutane kila mwaka siku ya kumbukumbu yake na wasome hadithi zake za kuchekesha, kwa lugha yoyote wanayoielewa.

Kwa nini watu wa Chagall wanaruka angani?

Marc Chagall alizaliwa mwaka 1887 karibu na Vitebsk, katika Belarus ya leo, katika nyumba ya Kiyidishi. Katika lugha hiyo, ombaomba au mchuuzi anayekwenda nyumba kwa nyumba husemwa kwamba anakwenda "juu ya nyumba". Mwaka 1914 Chagall alimchora mzee mwenye fimbo na gunia, akielea juu ya mapaa ya Vitebsk. Aliuchukua msemo akauchora kama ulivyo. Ukishalijua hilo unaanza kuzisikia picha zake kwa masikio.

Na kwa nini Myahudi amchore Yesu msalabani?

Aliufanya mchoro huo mwaka 1938, mwaka ambao masinagogi ya Ujerumani yalichomwa moto, na uko Chicago katika Art Institute. Yesu amefungwa kiunoni shuka ya sala ya Kiyahudi yenye mistari myeusi. Miguuni pake pana kinara cha mishumaa. Kumzunguka, sinagogi linawaka, kijiji kimepinduliwa, mashua imejaa watu wasiopokewa popote, mama anakimbia na mtoto kifuani. Juu, mahali ambapo wachoraji wa Kikristo wangeweka malaika, Chagall ameweka wazee wa Israeli wakilia. Chini kushoto yupo mzee mwenye kitambaa cheupe kifuani: mwanzoni kiliandikwa kwa Kijerumani "mimi ni Myahudi", kisha mchoraji mwenyewe akayafuta maneno hayo kwa rangi.

Alikuwa anawaambia Wakristo wa Ulaya kwamba huyu mnayemsujudia ni mmoja wa hawa mnaowafukuza.

Ni kweli Wayahudi walikaribia kupewa Uganda?

Eneo lenyewe lilikuwa uwanda wa Uasin Gishu, upande wa Eldoret, ambao leo ni Kenya. Mambo yalianzia Kishinev, mji mkuu wa Moldova ya leo, wakati wa Pasaka mwaka 1903. Watu 49 waliuawa kwa siku mbili, nyumba na maduka yakavunjwa. Mwaka huohuo serikali ya Uingereza, kupitia kwa waziri wake wa makoloni Joseph Chamberlain, ikatoa pendekezo la ardhi Afrika Mashariki. Mkutano wa Wazayoni, yaani Wayahudi waliotaka nchi yao wenyewe, mjini Basel uligawanyika vibaya, tume ikatumwa kukagua, na mwaka 1905 wazo likakataliwa. Wanandi na Wamaasai waliokuwa wakiitumia nchi ile hawakuulizwa na yeyote, na sioni sababu ya kulipita hilo kimya.

Fasihi iliyotokana na Kishinev imedumu kuliko mpango wenyewe. Hayim Nahman Bialik, mshairi kijana wa Kiebrania, alitumwa kutoka Odessa kukusanya ushahidi wa walionusurika. Alijaza madaftari, kisha akatunga utenzi kuhusu mji wa machinjo. Sauti inayosema ndani yake ni ya Mungu, inamshika msomaji mkono na kumpitisha uani, darini, ghalani, imwonyeshe manyoya ya mito iliyopasuliwa na damu iliyoganda. Kisha hasira inawageukia wanaume waliojificha wakati wake zao wanabakwa. Ni shairi gumu, na lilichochea vijana wengi kuunda vikundi vya kujilinda. Mimi naona liliwaonea waliokufa, lakini sijui shairi jingine la enzi hizo lililotikisa watu hivyo.

Mwandishi mwingine, Israel Zangwill wa London, alikasirika pendekezo la Afrika Mashariki lilipokataliwa akaunda chama chake cha kutafuta ardhi popote. Mwaka 1908 akaandika tamthilia iliyolisambaza lile wazo la Marekani kuwa chungu cha kuyeyushia mataifa. Mhusika mkuu ni mpiga fidla aliyenusurika Kishinev.

Walipata wapi nguvu ya kuandika ndani ya geto na kambi za mauaji?

Swali hili huulizwa kwa sauti ya chini, nami nalijibu kwa mifano.

Katika geto la Warszawa, Poland, mtaa ambamo Wanazi waliwafungia Wayahudi, mwanahistoria Emanuel Ringelblum aliunda kikundi cha siri kilichokutana siku ya Sabato, na kwa hiyo kikaitwa Oyneg Shabes, furaha ya Sabato. Walikusanya kila kitu: mashairi, insha za watoto wa shule, tiketi za tramu, karatasi za peremende, hesabu za waliokufa kwa njaa. Mwezi Agosti 1942 walizika masanduku kumi ya bati, na mwanzoni mwa 1943 wakazika madebe ya maziwa. Mmoja wa waliozika, Dawid Graber, kijana wa miaka 19, aliacha maandishi akisema kwamba yale waliyoshindwa kuupigia ulimwengu kelele, wameyafukia ardhini. Kati ya wanakikundi kama sitini, watatu tu walibaki hai. Hao ndio walioonyesha pa kuchimba katikati ya vifusi. Masanduku yalipatikana mwaka 1946, na madebe mawili mwaka 1950.

Vilna (Vilnius ya leo, Lithuania), mshairi Avrom Sutzkever na wenzake walilazimishwa na Wanazi kuchambua vitabu vya Kiyahudi, vichache vipelekwe Ujerumani, vingine viende kusagwa. Wao walivifunga vitabu na hati mwilini chini ya nguo, wakapita navyo mbele ya walinzi wa lango, siku baada ya siku. Kukamatwa kungekuwa kifo. Alinusurika, na Februari 1946 alitoa ushahidi mahakamani Nürnberg, viongozi wa Wanazi walipokuwa wakishtakiwa. Aliombwa aketi, akabaki amesimama, kama anavyosimama mtu anayewaombea wafu.

Terezín, geto na kambi ya Wanazi katika Ucheki ya leo, msanii Friedl Dicker-Brandeis aliwafundisha watoto kuchora. Alisisitiza kila mmoja aandike jina lake kwenye karatasi yake, mahali ambapo watu walikuwa wamegeuzwa namba. Oktoba 1944 alisafirishwa kwenda Auschwitz akauawa. Nyuma yake yalibaki masanduku mawili ya safari yenye michoro kama 4,500.

Na Primo Levi, mkemia wa Torino aliyefikishwa Auschwitz Februari 1944, anasimulia siku aliyotembea na kijana mwenzake kwenda kuchukua supu ya wafungwa. Njiani akataka kumfundisha Kiitaliano kwa kutumia beti za mshairi Dante kuhusu safari ya mwisho ya Ulysses. Anakumbuka mistari, anapotewa na mingine, na anasema angeitoa supu yake ya siku hiyo apate ile inayounganisha. Mwenye njaa ndiye anajua thamani ya ahadi hiyo. Kitabu chake kilikataliwa kwanza na mchapishaji mkubwa, kikatoka mwaka 1947 nakala 2,500 tu, na hazikuisha.

Kwa nini mtu aendelee kuandika kwa Kijerumani baada ya hayo?

Mshairi Paul Celan aliulizwa hilo maisha yake yote. Alizaliwa mwaka 1920 Czernowitz, katika Ukraine ya leo, wazazi wake walikufa wakiwa uhamishoni chini ya Wanazi na washirika wao, na lugha aliyofundishwa na mama yake ilikuwa Kijerumani. Wauaji waliitumia, lakini ilikuwa lugha ya mama. Aliibana, akaivunjavunja, akaitoa "maziwa meusi ya alfajiri", maneno yanayofungua shairi lake kuhusu kambi za mauaji.

Kwani fasihi yao yote ni kilio?

La hasha. Kila Pasaka, ibada ya mezani ikikaribia mwisho, watoto huimba wimbo wa mbuzi mmoja. Baba alimnunua mbuzi, paka akamla mbuzi, mbwa akamuuma paka, fimbo ikampiga mbwa, moto ukaichoma fimbo, maji yakauzima moto, ng'ombe akayanywa maji, mchinjaji akamchinja ng'ombe, malaika wa mauti akamchukua mchinjaji, mpaka Mungu mwenyewe. Waliosimuliwa hadithi ya Unguja ya mwalimu Goso, aliyeangukiwa na buyu na wanafunzi wake wakamtafuta mwuaji kutoka kwa upepo wa kusi hadi kwa ukuta, panya, paka, moto, maji na ng'ombe, wataitambua mara moja. Mwaka 1919 mchoraji El Lissitzky aliuchora wimbo huo wote kwa rangi zinazoruka, na katika ukurasa wa mwisho malaika wa mauti amevaa taji linalofanana na la mfalme wa Urusi aliyekuwa ameng'olewa.

Kuna kinachotuhusu Afrika Mashariki na Kongo?

Kipo. Stefanie Zweig alikuwa mtoto wa miaka mitano au sita wazazi wake walipokimbilia Kenya kutoka Ujerumani mwaka 1938. Walirudi mwaka 1947. Riwaya yake ya mwaka 1995 kuhusu maisha yale ya shamba imejaa Kiswahili ndani ya Kijerumani, na filamu iliyotokana nayo ilishinda Oscar. Baba anaililia Ujerumani, mtoto anaicheka baridi asiyoijua; kwake nyumbani ni jikoni kwa mpishi Owuor.

Mbale, Uganda, jumuiya ya Abayudaya ilianzishwa na Semei Kakungulu mwaka 1919 kwa kuisoma Biblia na kuamua kuifuata Torati. Idi Amin aliwapiga marufuku, wakaendelea faraghani. Huimba Zaburi kwa Kiluganda, na rekodi yao iliyotoka mwaka 2003 ni nzuri mno.

Lubumbashi palikuwa na Wayahudi wengi waliotoka Rhodes, wakibeba Kiladino cha bibi zao. Julai 1944 jamaa waliobaki kisiwani, zaidi ya 1,600, walisafirishwa Auschwitz. Katanga ikawa mojawapo ya mahali nyimbo za Rhodes zilipobaki.

Nikisoma haya, si nitaonekana ninaunga mkono siasa za Israeli?

Sehemu kubwa ya kazi zilizotajwa hapa zilikuwapo kabla ya dola hiyo kuundwa mwaka 1948. Na waandishi wa Kiebrania wenyewe hawana sauti moja. S. Yizhar, aliyekuwa askari mwaka 1948, alichapisha mwaka 1949 hadithi ya kikosi cha Kiisraeli kinachowafukuza Waarabu katika kijiji chao, na msimulizi anawaona wanavyopakiwa kwenye malori na kukumbuka uhamisho wa mababu zake mwenyewe. Samir Naqqash, Myahudi wa Baghdad aliyeishi Israeli, aliandika kwa Kiarabu mpaka kifo chake mwaka 2004. Soma, na uwasome Wapalestina pia. Hakuna kitabu hapa kinachomzuia mtu kulilia Gaza.

Ukiwa na mchoro mmoja tu wa kunionyesha?

Ningekuonyesha wa mchoraji Maurycy Gottlieb, uliopo katika makumbusho ya sanaa ya Tel Aviv. Alizaliwa Drohobych, katika Ukraine ya leo, mwaka 1856. Akiwa na miaka ishirini alimchora Shylock akimkabidhi binti yake Jessica funguo za nyumba, na Shylock wake ni baba mzee tu anayeagana na mwanawe. Miaka miwili baadaye akachora sinagogi siku ya Yom Kippur, siku kuu ya toba, kwenye turubai refu kuliko mtu.

Rabi ameketi na gombo la Torati mikononi. Wanawake wako ghorofani. Taa zinawaka mchana. Katikati ya wanaume amesimama kijana ameegemeza kichwa kwenye kiganja, haangalii kitabu, hasali. Ni Gottlieb mwenyewe. Kushoto kuna mvulana: ni yeye pia. Na kuna mtoto mdogo mwenye nguo za rangirangi na kidani kifuani, naye ni yeye, akiwa katika umri wa kuamini bila kuuliza. Amejichora mara tatu katika chumba kimoja, na hakuna hata mmoja kati ya hao watatu anayewatazama wengine.

Sasa sogea kwenye kitambaa kinachofunika Torati. Kimeandikwa kwa Kiebrania kwamba kimetolewa kwa kumbukumbu ya marehemu Moshe Gottlieb. Moshe lilikuwa jina lake la Kiebrania. Kijana wa miaka 22 alijiandika mfu kwenye nguo ya Torati, mwaka 1878. Julai mwaka uliofuata alifariki Kraków.